Kola ya Karatasi

Mwalimu alifika asubuhi na kitambaa chake cha kijani, akasema anataka gauni kama lile la mwaka jana, lile lenye mikono mifupi iliyokaa sawasawa, asipunguziwe wala asiongezewe kitu. Wateja wa namna hiyo ndio Fundi aliowapenda. Hawaji na picha kwenye simu, hawasemi nishonee kama hili ila tofauti kidogo. Akampa kigoda, akainama chini ya meza ya kukatia na kuvuta mfuko wenye jina la Mwalimu.

"Lakini umenenepa," Fundi alisema, akimpima kwa macho kabla ya kushika futi.

"Nimenenepa wapi? Ni hii sketi."

"Basi sketi imenenepa. Simama tuipime."

Karibu na dirisha mume wa Fundi alikuwa ameinamia shati la mteja, anashona vifungo. Mtaa mzima ulimwita Boila, kwa kuwa miaka ishirini na mbili alikuwa mtunza boila wa kiwanda cha sabuni, yule anayechunga moto na maji ili mvuke wa kupikia sabuni usikatike. Sasa ulikuwa mwezi wa nane tangu kibarua kiote nyasi, ila jina lenyewe halikuachishwa kazi. Vidole vyake vilikuwa vinene, vyenye makovu ya kuungua, na sindano ilipotea kabisa ndani yake. Kifungo kimoja kilimchukua muda ambao Fundi angemaliza sita.

"Shemeji, naona umepandishwa cheo," Mwalimu alimtania. "Wiki iliyopita ulikuwa unafumua mapindo."

"Mungu akipenda, mwakani nitaruhusiwa kugusa cherehani," Boila alijibu, akacheka kwa adabu.

Mwalimu hakuwa na nia mbaya, na kila mtu mle ndani alilijua hilo. Fundi aliona tu jinsi mumewe alivyozidi kuinamisha kichwa baada ya kucheka, akajifanya anatafuta kifungo kilichoanguka ambacho hakikuanguka, na roho ikamuuma.

Alipokwisha kupima, alitandaza kitambaa mezani, akatia pini kinywani, akaweka juu yake pateni ya mkono, karatasi ya kufuatisha wakati wa kukata. Pateni zake zote zilikuwa za karatasi ya pinki. Kule kiwandani kila zamu ya boila iliandikwa katika kitabu cha makabidhiano chenye kurasa tatu tatu: nyeupe ilikwenda ofisini, ya njano ilikwenda karakana, na ya pinki, iliyopata maandishi na sahihi kwa karboni, ilibaki kitabuni. Kitabu kikijaa, hakuna aliyekitaka tena. Watunza boila walikwenda nacho nyumbani, huyu akawashia jiko, yule mkewe akafungia bidhaa dukani, na Boila akamletea Fundi, maana karatasi ile ilikuwa laini na haichaniki ovyo. Nusu ya mtaa ilivaa nguo zilizokatwa kwa mahesabu ya mvuke, na Fundi hakuwahi kusoma hata mstari mmoja. Angesoma nini? Saa, kipimo cha maji, kipimo cha mvuke, na mwandiko wa mumewe uliojikunyata.

Siku hiyo alisoma kwa sababu pini ilikataa kuingia, akainama kuona kuna nini. Chini ya kidole chake paliandikwa hivi: Valvu ya usalama inakwama. Haifunguki mvuke ukizidi. Nimemwonyesha Mkuu wa Karakana saa tatu asubuhi, amesema tuendelee mpaka. Na hapo mkasi ulikuwa umepita.

"Mbona umeganda?" Mwalimu aliuliza.

Fundi alitoa pini kinywani moja moja, akazihesabu, maana aliogopa amemeza mojawapo.

"Njoo kesho, Mwalimu. Cherehani imegoma."

Mwalimu aliitazama cherehani, ambayo ilikuwa bado imefunikwa kitambaa chake cha usiku. Akachukua mkoba wake, akaondoka.

Boila aliisoma karatasi akiwa amesimama, kisha akaisoma tena akiwa amekaa. Yale ndiyo maneno aliyokuwa akiyasema tangu Jumamosi ile boila ilipopasuka, ikang'oa paa na kuwaunguza wapakiaji wawili miguu. Kampuni ilisema alilala zamu, mvuke ukazidi hana habari, na kwamba hadithi ya valvu aliitunga baadaye ili kujiokoa. Yeye alisema aliripoti, akaandika, na Mkuu wa Karakana akatia sahihi. Kampuni ikasema kitabu cha makabidhiano kililowa siku ya ajali kikaharibika, na nakala za ofisini na karakana hazionekani. Mkuu wa Karakana naye akasimama katika mahakama ya kazi, akaapa kwamba hajawahi kuonyeshwa valvu yoyote.

"Hiki kitabu kilikuwa kabatini," Boila alisema. "Nilimwambia Jaji kilikuwa kabatini."

"Kilikuwa hapa chini ya meza. Wewe mwenyewe ulikileta."

Boila alianza kuhesabu kwa vidole, akakosea, akaanza upya. "Jumatano," alisema. "Kilijaa Jumatano. Nikakitia mfukoni pamoja na bakuli la chakula, Alhamisi nikafungua kipya. Mimi nikadhani nimekuletea cha mwezi uliopita." Akajipiga kofi la paji la uso. "Miezi minane, mama! Miezi minane nakaa chumba kimoja na ushahidi wangu!"

Fundi alikusanya pini mezani. Kulikuwa na jambo lililomkaa kooni, nalo halikuhusu kitabu, akalimeza.

"Sahihi iko wapi?" Boila aliuliza. "Tarehe na sahihi huwa chini ya ukurasa."

Fundi alipitisha kidole kwenye ukingo uliokatwa. Mshonaji hasahau alichokata. Nusu ya chini ya karatasi ile ilikuwa imetoa kola ya sare za shule, na kola hiyo alimpa fundi mwenzake, Mama Overloki.

*

Katibu wa chama cha wafanyakazi alikuwa na ofisi ya mlango mmoja na simu mbili, na zote mbili zililia bila yeye kuzijali. Hakuwa wakili, lakini alikuwa amesimama na wafanyakazi mahakamani miaka mingi, mpaka mawakili wenyewe walimwogopa kidogo. Aliinua karatasi kwenye mwanga, akapiga mluzi. Kisha uso ukamshuka.

"Kaka, hii ungeniletea kabla orodha ya vielelezo haijafungwa, ningekubeba mgongoni mpaka langoni kwao. Sasa hivi mashahidi wao wameshamaliza, na wewe umeshamaliza. Zimebaki hoja za mwisho tu. Mlango umefungwa."

"Mlango ukifungwa si watu hupiga hodi?" Fundi aliuliza.

"Tutapiga hodi, dada. Tutaomba ruhusa. Lakini Jaji atataka kujua kama karatasi ina uzito, na kama kampuni haitaonewa kwa kushtukizwa, na kabla ya hayo yote atauliza, mlikuwa wapi siku zote hizi? Hapo ndipo maombi mengi hufia. Na anayetakiwa kuapa ni yule aliyeiona. Ni wewe."

Wakamweleza jinsi kitabu kilivyofika nyumbani. Katibu alisikiliza, akainuka, akafunga mlango.

"Hilo la kwenda nacho nyumbani msiliseme. Kanuni za kampuni, kutoa nyaraka nje ya lango bila kibali ni wizi. Utakuwa umewapa sababu mpya ya kukufukuza, tena hii ya kweli. Kazi hupati, na mafao ya miaka ishirini na mbili unayaaga."

"Kila mtu wa boila anabeba vile vitabu," Boila alisema.

"Niletee mmoja aje aseme hivyo."

Tangu boila ipasuke, hakuna hata mmoja wa wenzake Boila aliyekanyaga kwake, hata kwa kupotea njia.

"Basi tufanye hivi," Katibu aliendelea, sauti imekuwa laini. "Tuseme kuna mwenzako aliiokota kabatini, akaona huruma, akakuletea juzi, na hataki kutajwa. Mahakama inaelewa mambo hayo. Nitaandika, mje Ijumaa. Na hiyo nusu ya chini iletwe, nawaomba. Bila tarehe na sahihi, hiki ni kipande cha mkono wa gauni tu."

*

Mama Overloki alikuwa na kibanda ng'ambo ya barabara, na jina lake lilitokana na mashine ya overloki, ya kuzuia kingo za nguo zisifumuke, iliyokuwa pekee mtaani kote. Yeye na Fundi walikuwa wakiazimana uzi, mkasi na siri. Kisha shule zilipofunguliwa Fundi akazidiwa na sare, akampa mwenzake kola arobaini pamoja na pateni yake. Kola zikarudi zimepinda, mzazi mmoja akapayuka barabarani watu wakajaa, na kila fundi akamtupia mwenziwe lawama. Tangu hapo walipokutana walisalimiana kwa kukohoa.

Fundi alivuka barabara, akasimama mlangoni. Mama Overloki alikuwa na wateja wawili, akawahudumia kwa taratibu isiyo ya kawaida yake. Mmoja akamsifia kitambaa, mwingine akamuuliza habari za mama mkwe mpaka za mifugo. Walipoondoka alishika tambara, akaanza kupangusa mashine iliyokuwa safi.

"Mwenzangu," Fundi alisema.

"Nani mwenzako? Mimi si yule asiyejua kunyoosha kola?"

"Nimekuja kuomba pateni yangu."

"Nusu mwaka hukuihitaji."

Fundi alimweleza yote, na aliyaeleza akiwa wima, kwa kuwa hakuna aliyemkaribisha kukaa. Akafika kwenye sahihi. Tambara likasimama. Mama Overloki alivuta boksi kutoka nyuma ya mlango, akapekua, akatoa kola ya pinki iliyokunjika pembe. Juu yake alikuwa ameandika kwa kalamu nyekundu kipimo cha shingo. Chini ya wino mwekundu ilionekana tarehe ya Jumatano ile, na sahihi ya Mkuu wa Karakana iliyojizungusha mara tatu kwa majivuno.

Fundi alinyoosha mkono. Mwenzake akairudisha kola kifuani.

"Kwanza sema. Kola zilipinda kwa nini?"

Hapo Fundi alitaka kukasirika. Mume wake ananing'inia, na huyu anataka kesi ya kola! Lakini aliitazama ile karatasi, na macho ya kazi yakaona yenyewe. Ncha moja ilikuwa ndefu kuliko nyingine. Si kwa mengi, lakini kwa kola inatosha kabisa.

"Pateni ilikuwa imepinda," alisema. "Nilikata vibaya."

"Sikusikia. Na fundi viatu pale nje hakusikia."

"Nilikata vibaya mimi!" Fundi alisema kwa sauti, na fundi viatu akainua kichwa, akakitikisa, akarudi kwenye soli yake. "Kola arobaini zilipinda kwa ajili yangu, na wewe huna kosa. Nimekusingizia mbele za watu."

Mama Overloki alimtazama kidogo, kisha akampa karatasi. Kwa mguu akasukuma kigoda.

"Sasa kaa. Na huyo Jaji akitaka mtu wa kumwambia hii imekaa kwangu tangu shule zifunguliwe, nitakuja. Nitafunga kibanda siku hiyo. Wateja wakinuna, na wanune."

*

Ijumaa Fundi alipewa hati ya kiapo iliyopigwa chapa safi, akaisoma neno kwa neno kwa kufuatisha kidole. Kwenye aya ya nne alisimama. Karatasi hiyo, ilisema, iliokotwa kabatini na mfanyakazi mwenza ambaye kwa usalama wake hatajwi.

"Huyu mfanyakazi mwenza," alisema, "ndiye aliyeikata mkono wa gauni?"

Katibu akairudia aya ile.

"Ina matundu ya pini, Katibu. Ina chaki. Na hii nyingine ina shingo ya mtoto wa darasa la tatu kwa mwandiko wa Mama Overloki. Kabati gani hilo la boila?"

Boila alicheka. Kicheko kilimtoka puani bila kutarajia, na kwa kuwa hakuwa amecheka namna ile siku nyingi, alishindwa kukizuia, akafuta macho kwa kiganja. Hata Katibu akabana midomo.

"Dada, hili si la mchezo. Ukweli utamuumiza mumeo."

"Andika nilikibeba mimi," Boila alisema. "Kama ni wizi, nimeiba miaka ishirini na mbili, tena kitabu mkononi, na walinzi wananifungulia lango na kuniaga. Mimi nimeshaitwa mvivu, nimeitwa mzembe, nimeitwa mwongo. Na hilo waongeze, ila liwe kweli."

Katibu alihema, akavuta kompyuta, akafuta aya ya nne.

*

Chumba cha mahakama kilikuwa kidogo kuliko hofu ya Fundi. Viti vya plastiki, feni isiyozunguka, karani anayepanga mafaili kama muuza nyanya. Jaji alikuwa mama wa makamo, miwani yake imefungwa kamba shingoni. Wakili wa kampuni alivaa suti ya gharama, ingawa bega la kushoto lilikuwa limevutwa, na Fundi alitamani kulifumua.

Wakili alisema maombi yale yatupwe. Ushahidi ulikwishafungwa, mashahidi wa kampuni walikwishaenda zao, na kesi haiwezi kufunguliwa kila mtu anapookota karatasi. "Na zaidi ya yote, Mheshimiwa, hiki kitu ni cha kutengeneza. Mtu yeyote mwenye karboni na mkasi anaweza kuwa nacho. Tumeletewa kola!" Watu nyuma wakacheka. Fundi alihisi masikio yanawaka. Alikuwa ameikata kola ile kwa mikono yake, na sasa alitiwa aibu kwa kazi yake.

Jaji aliamuru aliyeapa aje mbele aulizwe. Fundi akaapa, akasimama, akashika ukingo wa kizimba.

"Wewe ni mshonaji," wakili alianza.

"Ndiyo."

"Kukata kitu kikafanana na kingine, unajua?"

"Nisipojua nitakula nini, Mheshimiwa?"

Watu wakacheka tena, safari hii upande wake. Wakili akabadilisha karatasi. "Hii ilifikaje nyumbani kwako?"

"Mume wangu aliileta. Kitabu kizima, kama alivyoleta vingine."

"Kwa kibali cha nani?"

"Hakuwa na kibali."

Wakili aligeuka kwa furaha, hata akasahau kufunga kifungo cha koti. "Mheshimiwa, sasa tumeambiwa kwa kiapo. Mlalamikaji alikuwa anaiba vitabu vya makabidhiano na kumpelekea mkewe akatie nguo. Hii ni mali ya kampuni, na naomba mahakama iamuru irudishwe."

Jaji alivua miwani. "Mali ya kampuni?"

"Ndiyo, Mheshimiwa."

"Imetoka kwenye kitabu cha kampuni?"

"Ndiyo, na alikichukua bila..."

"Nusu saa iliyopita uliniambia imetengenezwa kwa karboni na mkasi. Nichagulie moja, Wakili, niandike."

Wakili alifungua faili, akalifunga. Alisema kampuni inahifadhi msimamo wake, maneno ambayo Fundi hakuyaelewa, lakini alimwona Katibu anatazama dari huku mashavu yamemjaa kicheko. Akajua wakili amejinasa mwenyewe. Akageuka arudi kitini.

"Bado," Jaji alisema. Sauti haikuwa kali. "Nina swali langu mimi. Karatasi ilikuwa chini ya meza yako. Ulijua mumeo anatafuta maandishi haya, na ulijua vitabu vya kiwandani viko nyumbani. Ulikuja hapa naye, nakukumbuka. Kwa nini hukutafuta?"

Majibu yalikuwepo mengi. Kazi zilikuwa nyingi, karatasi zilikuwa nyingi, Boila mwenyewe alisema kitabu kiko kabatini. Yote hayo yalikuwa kweli, na Jaji angeyaandika. Katibu alikuwa amemfundisha la pili, lile la karatasi kuwa nyingi. Nyuma yake, kiti cha mbele, aliketi mumewe katika shati alilompigia pasi alfajiri. Lakini alikuwa ameapa, na lile jambo la kooni lilikuwa limechoka kumezwa.

"Sikutafuta kwa sababu niliona hakuna cha kutafuta."

"Sijakuelewa."

"Niliamini kwamba alilala." Hakuthubutu kugeuka. "Wiki ile walimpa zamu mbili mbili. Alikuwa anasinzia na kijiko mkononi. Kampuni iliposema amelala, nikasema moyoni, masikini, kalala kweli. Nimempikia, nimemfulia, nimekuja naye hapa kila tarehe. Lakini ile habari ya valvu niliisikia kama maneno ya mtu aliyebanwa. Ningemwamini, Mheshimiwa, siku ile ile ningepekua nyumba nzima. Sikumwamini. Ndiyo sababu tumechelewa. Sina nyingine."

Jaji aliandika muda mrefu, karani akaacha mafaili.

Baada ya mapumziko mafupi Jaji alirudi na uamuzi wake. Alisema kuchelewa ni kuchelewa, na mahakama si soko ambalo kila mtu anakuja saa anayotaka. Lakini sababu imetolewa, na yeye katika miaka yake mahakamani hajaona mtu akitunga sababu ya kujiumiza mwenyewe kiasi kile. Karatasi inagusa kiini cha mgogoro. Kampuni haionewi, maana nakala nyeupe ilikwenda ofisini kwake na ya njano kwenye karakana yake yenyewe. Izilete ndani ya siku kumi na nne, au ieleze kwa kiapo zimekwenda wapi, na Mkuu wa Karakana arudi aitazame sahihi yake. Kuhusu kubeba vitabu, hilo halikuwa kosa alilofukuziwa mlalamikaji, na halitaongezwa leo.

Vipande viwili vikapokelewa. Karani aligonga muhuri kwenye mkono wa gauni, akapuliza wino, akagonga kwenye kola.

*

"Dada, umefungua mlango kwa teke!" Katibu alimwambia kwenye ukumbi, simu zote mbili zinalia mfukoni mwake. "Yule Mkuu akiiona sahihi ile, atatafuta pa kuingia."

Fundi alikuwa anaangaza huku na huku. Boila alikuwa ametoka kabla watu hawajasimama.

Mama Overloki, aliyekuwa amefunga kibanda na kukaa asubuhi nzima bila kuitwa, alimwonyesha kwa kidevu mlango wa nyuma. "Yuko bombani. Nenda. Mimi nipo hapa."

Nyuma ya jengo kulikuwa na bomba ambapo madereva waliosha magari ya serikali, na benchi la saruji. Boila alikuwa amekaa, viwiko kwenye magoti, anatazama maji yanavyokimbilia mfereji. Fundi alisimama mbele yake akiwa ameshika mkoba kwa mikono miwili.

"Nisamehe," alisema.

Boila hakuinua uso. "Nilipokuwa nakusimulia habari ya valvu mezani, ulikuwa unaitikia kwa kichwa."

"Ndiyo."

"Nilikuwa naona kuwa huamini."

Dereva mmoja alikuja kujaza ndoo, akawatazama, akaamua ndoo inatosha ikiwa nusu. Alipokwenda, Boila alijifuta uso kwa mikono yote miwili, yenye vidole vilivyochomwa sindano.

"Mara ya kwanza waliponiuliza, nilijua," alisema. "Mara ya kumi, sikujua tena. Barua ilisema nililala. Mkuu akasema nililala. Wenzangu wakaacha kuja. Nikaanza kujiona, mama. Najiona kabisa, kichwa ukutani, mdomo wazi, na kipimo kinapanda. Siku ile nilipoapa mle ndani kwamba sikulala, niliona nadanganya mahakama. Ni juzi tu, nilipouona mwandiko wangu, ndipo nikajua mimi si mwongo."

Fundi alikaa kando yake. "Kwa nini hukuniambia?"

"Hukuniuliza," Boila alisema, na hapakuwa na hasira katika sauti yake. "Na heri hukuniuliza. Ungeniuliza, ningekwambia nililala."